Kesi ya kughushi: siku 60 zimepita, upelelezi haujakamilika, mbona mahakama haimwachii mshtakiwa?

Kibatari aliuliza:

Wakuu, naomba msaada wa wanaoijua Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai, Sura ya 20, upande wa Tanzania Bara.

Mshtakiwa yuko Mahakama ya Wilaya kwa makosa mawili. La kwanza ni kughushi mkataba wa mauziano ya kiwanja, vifungu vya 333, 335(a) na 337 vya Kanuni ya Adhabu, Sura ya 16. La pili ni kuwasilisha waraka wa uongo ofisi ya ardhi, kifungu cha 342. Alisomewa mashtaka tarehe 3 Februari, akakana, yuko nje kwa dhamana. Tangu siku hiyo kesi inatajwa na kuahirishwa. Kila tarehe jibu ni lile lile: upelelezi haujakamilika, inasubiriwa ripoti ya mtaalamu wa maandishi.

Kwa hesabu, siku 60 zilitimia tarehe 4 Aprili. Kwenye jalada hakuna hati ya Mkuu wa Upelelezi wa Mkoa wala ya wakili wa serikali ya kuomba muda zaidi. Wakili wake akaomba aachiwe kwa kifungu cha 225(5). Hakimu akakataa kwa sentensi mbili na kupanga tarehe nyingine.

Je, hakimu amekosea? Na kama njia hiyo haipo, ni zipi zilizopo za kumtoa mtu kabla ushahidi haujaanza kusikilizwa?

---

Nanga alijibu:

Hakimu hajakosea. Tatizo liko kwenye maneno ya mwanzo ya 225(4), ambayo watu wengi huyaruka wakakimbilia hesabu ya siku.

Kifungu kidogo hicho hakisemi kwamba kila kesi isiahirishwe zaidi ya siku 60. Kinaanza kwa kutoa nje makosa kadhaa. Kuna vifungu vya Kanuni ya Adhabu vilivyotajwa kwa namba, halafu yanafuata makosa yanayohusu udanganyifu, njama za kudanganya, na kughushi. Neno kughushi limeandikwa pale waziwazi. Ukishatoa hayo, ndipo sheria inaweka ukomo wa siku 60 na ngazi zake: hati ya Mkuu wa Upelelezi wa Mkoa (RCO) inaongeza siku 60, hati ya wakili wa serikali inaongeza 60 nyingine, kisha Mkurugenzi wa Mashtaka (DPP) au aliyeidhinishwa naye anaweza kuomba zaidi ilmradi jumla isivuke miezi 24.

Sasa 225(5) inategemea (4). Inasema kama hati ya kuomba muda haikuwasilishwa, mahakama isikilize kesi, au upande wa mashtaka ukishindwa kuendelea, mshtakiwa aachiwe. Kesi ambayo sheria haikuidai hati tangu mwanzo, huwezi kuijengea hoja kwamba hati haikuletwa. Ndiyo maana ombi lilikufa kwa sentensi mbili.

Sababu ya ubaguzi huo inaeleweka ukijua kesi hizi zinavyopelelezwa. Waraka unatoka kituoni kwenda maabara ya polisi, sampuli za mwandiko zinachukuliwa mara mbili au tatu, benki na ofisi za ardhi zinaandikiwa barua, na majibu hukaa. Bunge liliona siku 60 hazitoshi. Mimi naona limeuacha mlango wazi mno, kwa sababu mshtakiwa wa wizi wa kuku ana ukomo na wa kughushi hana. Lakini hivyo ndivyo sheria ilivyo.

Angalia pia kama kuna shtaka la tatu au la nne lisilo la udanganyifu, kwa mfano wizi. Kwa shtaka hilo peke yake hoja ya siku 60 bado inasimama, na wakili anaweza kuitoa kwa shtaka hilo tu. Ila usitegemee kujipatia fedha kwa njia ya udanganyifu, kifungu cha 302. Hilo linaangukia kwenye ubaguzi ule ule.

---

Wakili wa Mtaa alijibu:

Nanga kasema kweli. Naongeza njia zilizobaki. Mkuu Kibatari, kabla ya zote weka jambo moja kichwani: kuachiwa na kuachiwa huru ni vitu viwili. Karibu kila mlango wa kutokea kabla ya ushahidi unampa mshtakiwa kuachiwa tu, na anaweza kushtakiwa tena kwa mambo yale yale. Kifungu cha 137, kinachozuia mtu kushtakiwa mara mbili, kinamlinda aliyekwisha kuhukumiwa: akatiwa hatiani au akaachiwa huru. Aliyeachiwa kwa 91 au 98(a), yaani upande wa mashtaka ukiondoa kesi wenyewe, hana kinga hiyo.

Njia ya kwanza ni kifungu cha 129. Hakimu akiona hati ya mashtaka haionyeshi kosa lolote, anakataa kuipokea na kuandika sababu. Ubora wa njia hii unategemea maelezo ya kosa yalivyoandikwa. Kughushi kuna mambo matatu: waraka uwe wa uongo, mshtakiwa awe ndiye aliyeutengeneza, na awe na nia ya kudanganya. Watu hukosea kwenye hilo la kwanza. Waraka wa uongo si waraka wenye uongo ndani. Mtu akiandika barua kwa jina lake na sahihi yake, akadai ana shahada asiyo nayo, hajaghushi. Barua ni yake kweli, kilicho uongo ni maneno. Angeweza kuwa na kosa jingine, lakini si hili. Kughushi ni pale waraka unapodanganya kuhusu asili yake wenyewe: unajionyesha umetoka kwa fulani na haukutoka kwake, umebadilishwa bila idhini, au una sahihi ya mtu asiyeruhusu. Kifungu cha 335 kimezitaja namna hizo. Kama maelezo yanasema tu "mkataba wenye taarifa za uongo", hapo pana hoja ya maana.

Lakini pima kabla hujaitoa. Mashtaka yakiwa na kasoro, mahakama mara nyingi inaruhusu yarekebishwe kwa kifungu cha 234. Ukimwonyesha mwendesha mashtaka tundu mapema, umempa nafasi ya kuliziba. Hali ni hiyo hiyo kwa shtaka moja lililochanganya kughushi na kuwasilisha. Hayo ni makosa mawili na yanatakiwa yatenganishwe, ila wataomba kurekebisha na watakubaliwa. Kasoro ya kuandika ikunje mfukoni. Toa ile inayogusa mzizi, ambayo hakuna marekebisho yanayoweza kuitibu kwa sababu ukweli wenyewe haupo.

Njia ya pili ni 131A, iliyoingizwa na marekebisho ya 2022. Inataka mashtaka ya makosa yanayosikilizwa na mahakama za chini yafunguliwe upelelezi ukiwa umekamilika, isipokuwa makosa makubwa. Soma ubaguzi wake neno kwa neno kabla ya kusimama mahakamani, yasikukute yale ya 225(4). Kama shtaka lako halimo, hoja hii ina nguvu kuliko ya siku 60, kwa sababu mwendesha mashtaka anayesema kila tarehe kwamba upelelezi unaendelea anakiri mwenyewe kwamba kesi ilifunguliwa mapema. Omba maneno hayo yaandikwe kwenye mwenendo wa shauri kila tarehe. Wakili akinyamaza, rekodi inabaki na "imeahirishwa" peke yake, na miezi mitano baadaye hakuna cha kuonyesha.

Ya tatu ni kumwomba hakimu akatae kuahirisha. Hata pale ukomo wa siku haupo, kuahirisha ni hiari ya mahakama, na hiari hutumiwa kwa sababu. Andika orodha: tarehe ngapi, sababu gani kila moja, waraka ulipelekwa maabara lini, ulipokelewa lini. Barua ya kupeleka vielelezo ina tarehe. Ikiwa mtu ameshtakiwa Februari na waraka umepelekwa maabara Mei, hiyo ni hoja ambayo hakimu hawezi kuipita bila kuisemea.

Akikataa kuahirisha, mwendesha mashtaka kwa kawaida ataondoa shauri kwa 98. Hapo ndipo wengi hushangilia mapema.

---

Kibatari:

Asante sana wakili msomi. Hiyo 98, mashahidi wakiwa wameshaanza kutoa ushahidi inakuwaje? Nilidhani shahidi wa kwanza akishapanda kizimbani mtu hawezi tena kuachiwa nusunusu.

---

Wakili wa Mtaa:

Hapana mkuu. Mpaka uliowekwa si shahidi wa kwanza. Mpaka ni mshtakiwa kuitwa kujitetea. Shauri likiondolewa kabla hajaitwa kujitetea, ni 98(a), anaachiwa na anaweza kurudishwa. Likiondolewa baada ya kuitwa kujitetea, ni 98(b), anaachiwa huru. Kwa hiyo mashahidi wanne wanaweza kumaliza, wa tano akakosekana, shauri likaondolewa, na bado ni 98(a).

Kipindi cha hatari zaidi ni kati ya shahidi wa mwisho na uamuzi wa kama kuna kesi ya kujibu. Mwendesha mashtaka akiona ushahidi umelegea, anajua uamuzi wa kifungu cha 230 utamwachia huru mshtakiwa. Akiondoa shauri siku moja kabla, amejipa nafasi ya kuanza upya. Kuondoa kwa 98 kunahitaji ridhaa ya mahakama au maelekezo ya DPP. Kama anaomba ridhaa tu, upande wa utetezi una haki ya kusikilizwa: pinga, taja idadi ya mashahidi waliokwisha kusikilizwa, omba uamuzi wa 230 utolewe kwanza. Akileta maelekezo ya DPP, nafasi ya kupinga inakuwa finyu sana.

Kifungu cha 91, nolle prosequi, yaani DPP kusitisha mashtaka, kinakwenda mbali zaidi. DPP anaweza kukitumia wakati wowote kabla ya hukumu, hata utetezi ukiwa umeshatolewa, na matokeo yake bado ni kuachiwa tu. Kisome pamoja na marekebisho yake, maana kimeguswa.

---

Mizani alijibu:

Naomba kuwapinga kidogo waliotangulia, si kwa sheria bali kwa mpangilio. Nguvu nyingi zimekwenda kwenye namna ya kumtoa mtu mahakamani, wakati kesi nyingi za kughushi zinaishia mezani kwa Ofisi ya Taifa ya Mashtaka. Ibara ya 59B ya Katiba inamtaka DPP azingatie haja ya kutenda haki, kuzuia matumizi mabaya ya taratibu za utoaji haki, na maslahi ya umma. Barua iliyoandikwa vizuri ikimfikia wakili wa serikali anayelishika jalada hufanya kazi kuliko pingamizi la awali.

Barua hiyo isiwe ya kulia. Wala usiweke humo kwamba mlalamikaji amesamehe. Suluhu ya kifungu cha 163 ni ya shambulio la kawaida na makosa ya kibinafsi yasiyo makubwa. Kughushi kwa 337 ni miaka 7, na kwa wosia au hati ya kumiliki ardhi kifungu cha 338 kinafika kifungo cha maisha. Msamaha wa mlalamikaji haumalizi kesi ya Jamhuri. Vibaya zaidi, barua ya kusema "tumeelewana, nitarudisha fedha" inaweza kusomwa kama kukiri.

Barua ioneshe ni kipengele kipi kati ya vile vitatu hakithibitiki, na kwa nini hakitathibitika hata wakipewa mwaka mzima. Hapo ingia kwenye sampuli za mwandiko, maana ndipo kesi hizi zinapooza.

Kosa la kwanza la kawaida: wapelelezi huchukua sampuli za mlalamikaji peke yake. Maabara inajibu kwamba sahihi iliyo kwenye mkataba si ya mlalamikaji. Upande wa mashtaka unafurahi, kumbe umethibitisha kipengele kimoja tu, kwamba waraka ni wa uongo. Nani aliuandika? Ripoti haisemi, kwa sababu haikuulizwa. Kifungu cha 59 kinawapa polisi mamlaka ya kuchukua sampuli za mwandiko za mshtakiwa, na wasipozichukua pengo hilo linabaki lao.

Kosa la pili: kupeleka nakala ya fotokopi. Mtaalamu anaangalia mgandamizo wa kalamu, mahali ilipoinuliwa, mtetemo wa mstari, mpangilio wa mikunjo. Fotokopi inaua karibu vyote hivyo. Ukikuta kwenye barua ya maabara kumeandikwa kwamba kielelezo bishaniwa ni nakala, shika hapo. Uliza waraka halisi uko wapi na nani aliutoa ofisi ya ardhi, na kwa hati gani ya ukamataji.

La tatu: sampuli za kulinganisha zote zimeandikwa kituoni siku moja. Sahihi ya mtu anayeandika akiwa na askari mbele yake si ile ya kila siku. Zinatakiwa pia sahihi za kawaida za kipindi kile kile cha waraka: fomu za benki, mikataba mingine, daftari la mahudhurio kazini. Mkataba wa 2014 ukilinganishwa na sahihi za 2024 peke yake, tofauti ya miaka 10 inatosha kuzaa majibu ya kupotosha, na yanaweza kuumiza upande wowote.

Kwenye mikataba ya viwanja kuna pia dole gumba, muhuri wa serikali ya mtaa na uthibitisho wa wakili. Kila kimoja kina mtu wake. Kama mwenyekiti aliyegonga muhuri na wakili aliyeshuhudia hawajaandika maelezo polisi, taja hilo. Kama wameandika na wanasema walimwona mlalamikaji akisaini, hiyo ndiyo barua yako yote.

Shtaka la pili usilisahau. Watu huandika kurasa tano juu ya kughushi na kuacha 342 bila neno. Kuwasilisha hakuhitaji mshtakiwa awe ndiye aliyetengeneza. Kunahitaji awe alijua ni waraka wa uongo na akautumia kwa nia ya kudanganya. Mnunuzi wa nne wa kiwanja aliyepewa rundo la karatasi na dalali ana jibu zuri hapa. Mtu ambaye jina lake ndilo limenufaika na mkataba, na ndiye aliyeupeleka kaunta, ana kazi ngumu zaidi hata kama hakuna ripoti inayosema mkono ni wake. Mahakama inaweza kuunganisha mazingira. Usimpe matumaini ya bure.

Ambatisha nakala ya hati ya mashtaka, orodha ya tarehe za kuahirisha, na nyaraka zilizothibitishwa. Peleka ofisi ya mashtaka ya mkoa, upate muhuri wa kupokelewa kwenye nakala yako.

---

Tumbatu alijibu:

Kwa wasomaji wa Zanzibar: msizibebe namba hizi. Kule kuna Sheria ya Mwenendo wa Jinai na Sheria ya Adhabu zake, zote za 2018, na DPP wake.

Na kwa wa Bara, Toleo la 2023 la sheria, lililoanza kutumika Julai 2025, limesogeza namba za vifungu. Zilizotajwa hapa ni za toleo la zamani, ambazo ndizo ziko kwenye hukumu nyingi. Mkiandika maombi sasa, tafuteni kifungu kwa maneno yake, mtaje namba mpya.

---

Rafiki wa Kisauni alijibu:

Huku Kenya mambo ni tofauti kidogo, naeleza kwa sababu mikataba ya ardhi ya mpakani huzaa kesi pande zote mbili. Kifungu cha 87(a) cha Sura ya 75, sheria yetu ya mwenendo wa jinai, kinafanana na 98(a) yenu: shauri likiondolewa kabla ya mshtakiwa kuitwa kujitetea, anaachiliwa tu. Lakini tangu Katiba ya 2010, Kifungu cha 157(8) kinamlazimu DPP kupata ruhusa ya korti ndipo asitishe kesi, na 157(7) kinasema akisitisha baada ya upande wa mashtaka kufunga ushahidi, mshtakiwa anaachiliwa huru kabisa. Kile kipindi cha hatari alichokieleza Wakili wa Mtaa, huku kimezibwa na Katiba.

---

Kibatari:

Nimeelewa vizuri sana. Swali la mwisho: akiachiwa kwa 98(a), anatoka mlangoni akakamatwa tena palepale. Hilo ni halali?

---

Nanga:

Kumkamata tena si haramu kwa sababu hana kinga ya 137. Lakini hawaruhusiwi kumweka tu. Saa 24 za kifungu cha 32, za kumfikisha mahakamani, zinaanza kuhesabiwa upya, na hati mpya ya mashtaka lazima isomwe. Dhamana ya kwanza imekufa pamoja na kesi ya kwanza, kwa hiyo wadhamini waje siku hiyo na barua zao za serikali ya mtaa na vitambulisho. Wengi hulala mahabusu kwa sababu tu mdhamini alirudi nyumbani akisherehekea.

Soma hati mpya kabla ya kitu kingine. Mara nyingine hairudi ilivyokuwa. Likiongezwa kosa linalohusisha fedha au mali ya zaidi ya shilingi milioni 10, kifungu cha 148(5)(e) kinataka nusu ya thamani iwekwe, fedha taslimu au mali. Likiongezwa la uhujumu uchumi, 225 nzima inaondoka kwa kifungu kidogo cha (6), na bila ridhaa ya DPP mahakama ya chini haina mamlaka ya kulisikiliza.

Na asipokamatwa, asiondoke bila vitu vyake. Aombe nakala ya amri ya kuachiwa iliyogongwa muhuri, hati zilizowekwa dhamana zirudishwe kwa wadhamini, pasipoti kama ilishikwa. Kuhusu waraka unaobishaniwa, polisi watataka kubaki nao, na kwa kweli wana sababu. Aombe amri inayosema unabaki mikononi mwa nani na kwa namba gani ya kielelezo. Waraka halisi ukipotea kati ya kesi ya kwanza na ya pili, wote wawili wameumia: Jamhuri haina cha kupeleka maabara, na mshtakiwa hana cha kuonyesha kwamba sahihi ilikuwa ya kweli.